Kisa kina mwenyewe: jinsi ya kutumia simulizi za manusura wa ukatili wa kingono kwenye kampeni bila kuwaumiza upya

Ikifika wiki ya pili ya Novemba, simu huanza kuita. Siku 16 za kupinga ukatili wa kijinsia zinaanza tarehe 25, fulana zimeshachapwa, ukumbi umeshalipiwa, na afisa mawasiliano wa shirika fulani yuko hewani akihema: "Dada, huna manusura wa kutupatia? Awe tayari kuongea. Akilia kidogo ndiyo vizuri zaidi, watu waguswe."

Wa kutupatia, kama viti vya kukodi. Simcheki, maana nami nimeshapiga simu za namna hiyo, na najua zinaishia wapi.

Miaka kadhaa iliyopita nilikuwa kwenye timu iliyorekodi video ya dakika tatu na mama mmoja aliyebakwa na mtu wa ukoo wa mumewe. Uso tuliufunika kwa ukungu. Sauti tuliishusha ikawa nzito kama ya babu. Jina tulibadili. Tukajiona mabingwa. Kitu ambacho hakuna aliyekitilia maanani, kuanzia mimi hadi mpiga picha na mhariri, ni kanga aliyojitanda: ya njano, pindo jeusi, jina lake "Wema hauozi", na kwenye kona ina kiraka cha buluu alichokishona kwa mkono wake. Video ilipanda Ijumaa jioni. Jumamosi saa nne asubuhi, kwenye kundi la WhatsApp la mtaani kwake, mtu akaandika: "Hii kanga si ya mama nanihii wa pale kwa fundi baiskeli?" Kufika adhuhuri mawifi walikuwa mlangoni.

Sisi tulifanya kikao cha tathmini. Yeye alihama.

Ninayoyaandika hapa yametokana na kanga ile na makosa mengine niliyoyaona au kuyafanya. Ni kwa ajili ya mashirika madogo, vikundi vya wanawake, redio za jamii, vijana wanaoendesha kampeni mitandaoni, na hata shehe au mchungaji anayetaka "ushuhuda" mimbarani. Nimepanga kwa hatua, ila hatua zenyewe hazina uzito sawa. Ile ya ridhaa ndiyo kubwa kuliko zote, na ndiyo watu huimaliza kwa dakika tano huku gari linanguruma nje.

Hatua ya kwanza: Jiulize kisa kinakwenda kufanya kazi gani

Kabla hujamtafuta mtu yeyote, andika sentensi moja: tunataka nani afanye nini? Kama unataka mtendaji wa kata aache kusimamia "kumalizana kifamilia", hilo ni lengo. Kama unataka wazazi wajue kwamba dawa za kuzuia maambukizi ya VVU zinatakiwa kuanzwa ndani ya saa 72, hilo pia ni lengo. "Kuelimisha jamii" hakumwambii mtu afanye nini asubuhi akiamka, na kampeni isiyojua inachotaka huishia kumwomba manusura aongeze maumivu ili kufidia pengo.

Nguvu ya kisa mara nyingi haiko kwenye tendo lenyewe. Iko kwenye yaliyofuata: nani aliambiwa, alijibu nini, ofisi gani ilifungwa, nani alikula pesa, nani alisimama naye. Chukua kesi ya Busia, magharibi mwa Kenya, mwaka 2013. Binti wa miaka 16 alibakwa na kundi la vijana. Baadhi yao walikamatwa, na adhabu waliyopewa na polisi ilikuwa kufyeka nyasi za kituo, kisha wakaachiwa. Binti alijulikana kwa dunia nzima kwa jina la bandia, Liz. Zaidi ya watu milioni moja walitia sahihi ombi la kutaka haki itendeke, na mwaka 2015 watatu walihukumiwa kifungo cha miaka 15 jela.

Iangalie kampeni ile ilibebwa na nini. Ilibebwa na nyasi. Mtu wa Mombasa, Mwanza au Toronto hakuhitaji kuona sura ya binti ili apandwe na hasira. Alihitaji kujua kwamba askari aliupima ubakaji akaona unalingana na uchafu wa kiwanja. Mwezi Mei 2013 Mahakama Kuu ya Kenya iliyoketi Meru ilitamka kwamba polisi walivunja haki za watoto wa kike kwa kutochunguza ipasavyo malalamiko yao ya kunajisiwa. Wasichana walioshtaki walitambulishwa kwa herufi za kwanza za majina yao tu. Herufi hizo zilitosha kuibana serikali nzima.

Kwa hiyo, ukishaandika sentensi yako, jiulize kama inahitaji kisa cha manusura kweli. Pengine inahitaji muuguzi aeleze anachokiona zamu ya usiku. Pengine inahitaji baba aliyeamini maneno ya mtoto wake aeleze ilivyokuwa. Au mchezo wa redio wenye wahusika wa kubuni. Nikihesabu kampeni nilizoshiriki, zaidi ya nusu zingeweza kufanyika bila kumgusa manusura hata mmoja, na zingekuwa bora.

Hatua ya pili: Jua nani hapaswi kuombwa

Mtoto usimweke mbele ya kamera. Sheria ya Mtoto ya Tanzania ya mwaka 2009 inamtambua mtoto kuwa ni mtu wa chini ya miaka 18, na saini ya mzazi haibadilishi umri wake. Mzazi anaweza kuwa na sababu zake: hasira, shukrani kwa shirika, au posho. Mtoto wa miaka 9 atakuja kuwa binti wa miaka 19 anayetafuta kazi, na video itakuwa bado ipo.

Mwenye kesi mahakamani naye mwache kwanza. Hili wanaharakati hulisahau kwa sababu kesi ndiyo inayowapa joto. Lakini maneno aliyoyasema kwenye redio wakili wa utetezi atayaleta: "Polisi ulisema ilikuwa saa mbili usiku, redioni ukasema saa tatu. Ipi kweli?" Kumbukumbu ya mtu aliyeumizwa haipangwi kama daftari la mahudhurio, ila mahakamani tofauti ya saa moja inaweza kutumika kuvunja ushahidi wote. Kama ni lazima kesi izungumzwe, azungumze wakili wake.

Wapo pia wanaoishi nyumba moja na aliyewatenda, au wanaomtegemea kwa chakula. Wapo ambao tukio bado bichi, hawalali, hawali. Na wapo wale unaowapata kwa njia rahisi mno: wateja wa kituo chako mwenyewe. Hawa ndio wa kuwaangalia kwa makini. Dada mmoja aliniambia maneno ambayo sijayasahau: "Nitakataaje, na nyie ndio mlinilipia hospitali?" Hakuwa ameridhia. Alikuwa analipa deni.

Njia salama ni kutomwendea mtu. Tangaza kwa wote kwamba kuna nafasi, eleza masharti, kisha wanaotaka waje wenyewe, tena kwa mtu ambaye si msimamizi wa huduma zao. Watakuja wachache. Hao wachache watakuwa wamekuja kwa miguu yao.

Na usisahau wanaume. Utafiti wa kitaifa wa Tanzania wa mwaka 2009 kuhusu ukatili dhidi ya watoto ulikuta karibu wasichana 3 kati ya 10, na mvulana takriban 1 kati ya 7, walikwisha kufanyiwa ukatili wa kingono kabla ya kutimiza miaka 18. Hao wavulana wamekua, ndio wanaoendesha bodaboda na kufundisha shule. Ukiweka masikio yako wazi utashangaa wangapi wanatafuta pa kusemea. Tahadhari ni zilezile, isipokuwa kejeli za mtandaoni kwao huwa za aina nyingine, na lazima waambiwe mapema.

Hatua ya tatu: Ridhaa, na hapa usiwe na haraka

Nadia Murad, mwanamke wa Kiyazidi (jamii ndogo ya kidini) kutoka Iraq aliyetekwa na kubakwa na wapiganaji wa kundi la Dola ya Kiislamu, kisha akapewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2018 pamoja na Dk. Denis Mukwege, daktari wa manusura wa ubakaji katika Hospitali ya Panzi, Bukavu, Kongo, amekisimulia kisa chake mara nyingi mbele ya waandishi na wanasiasa. Mwongozo wa kimataifa wa maadili unaobeba jina lake ulizinduliwa Aprili 2022, na ingawa unahusu zaidi ukatili wa kwenye vita, mambo yake mawili yanafaa kubandikwa kwenye ukuta wa kila ofisi ya kampeni: manusura ndiye mwenye uamuzi, na kama kazi yako haimwongezei kitu, usiifanye.

Sasa twende kwenye karatasi yenyewe. Fomu nyingi za ridhaa nilizoziona zimeandikwa kumlinda mwajiri. "Natoa ruhusa isiyo na kikomo kwa shirika na washirika wake kutumia picha yangu kwa namna yoyote ile." Hiyo ni hati ya kuuza kiwanja. Fomu nzuri husomwa kwa sauti, kwa lugha anayoota nayo mtu huyo, na ina sentensi fupi kama hizi:

"Ukikubali leo, unaweza kukataa kesho. Hutaulizwa sababu."

"Huduma unazopata hapa hazitaongezeka wala kupungua kwa sababu ya jibu lako."

"Tukishaweka kisa mtandaoni, tunaweza kukifuta kwetu. Hatuwezi kukifuta kwenye simu za watu waliokwisha kukihifadhi."

Hiyo ya tatu inaogopesha, na inapaswa kuogopesha. Baadhi ya wenzangu huiacha wakihofia kumpoteza msimuliaji. Ukiona mtu ataondoka akiusikia ukweli, basi aondoke.

Halafu tenganisha ruhusa. Redio ni kitu kimoja, Facebook kingine, hali kadhalika WhatsApp, TikTok, bango la barabarani, ripoti ya mfadhili na mkutano wa hadhara. Kila kimoja na kisanduku chake cha ndiyo au hapana. Mtu anaweza kukubali redio ya mkoa mwingine akakataa ya kwao. Anaweza kukubali maandishi akakataa sauti. Weka pia mwisho wa muda; sisi huandika miezi 12, baada ya hapo tunamwuliza upya au tunafuta.

Ukishamaliza kusoma, usiulize "Umeelewa?" Kila mtu hujibu ndiyo, hasa mbele ya mgeni mwenye kalamu. Mwombe akueleze yeye: "Hebu nisaidie, hii video nani ataiona?" Mama mmoja alinijibu kwa utulivu kabisa: "Wazungu wa ofisini kwenu." Alikuwa ameshatia saini. Alidhani ni ripoti ya mradi, kumbe ilikuwa inakwenda kwenye televisheni. Tuliichana ile fomu tukaanza mwanzo, na alipoelewa alikataa televisheni, akakubali redio bila jina.

Baada ya hapo, mwache. Siku tatu angalau. Alale nayo, amshauri mtu anayemwamini, awaze watoto wake watasikia nini shuleni. Na mwachie njia ya kukataa ambayo haimlazimu kukutazama machoni: namba ya mtu mwingine ofisini, ujumbe wa neno moja tu, "Sitaki".

Kumbuka pia sheria ziko upande wake. Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, Kenya ina ya mwaka 2019, na zote zinaziweka taarifa za afya kwenye kundi la taarifa nyeti zinazohitaji uangalizi zaidi. Faili lenye kisa cha kubakwa si nyenzo ya mawasiliano kama picha za semina.

Kuhusu pesa, mabishano hayaishi. Wapo wanaosema ukilipa unanunua ushuhuda. Mimi naona hivi: nauli, chakula, siku ya biashara aliyoipoteza na mtu wa kumwangalizia mtoto vilipwe bila kujadiliwa, na kiasi kitajwe kabla, kiwe kilekile hata akibadili mawazo njiani. Akialikwa kuzungumza ukumbini kama mjuzi wa jambo, alipwe kama mwezeshaji mwingine yeyote. Nimeona kongamano ambapo mtaalamu aliyeonyesha takwimu alipewa bahasha, na mwanamke aliyewaliza wote akapewa soda na leso ya kanga.

Hatua ya nne: Siku ya mazungumzo

Mahali achague yeye. Si ofisi yenye kibao kikubwa cha "Kituo cha Waathirika wa Ukatili" mlangoni, wala gari lenye nembo lisimame nyumbani kwake. Aketi karibu na mlango, asiwe amezibwa na kamera. Timu iwe ndogo: mwulizaji mmoja na wa kurekodi mmoja, na aulizwe mapema kama anataka wanawake. Awepo mshauri nasaha au ndugu aliyemchagua mwenyewe. Mkubaliane ishara ya kusimama, kwa mfano akigeuza kikombe, rekoda inazimwa bila maneno.

Usianzie kwenye tukio. Anza na leo: anafanya kazi gani, watoto wako darasa la ngapi, biashara ya maandazi inakwendaje msimu huu wa mvua. Kisha mwache achague mlango wa kuingilia. Swali linalotosha mara nyingi ni hili: "Ungependa watu wajue nini?" Yale ya "ilikuwaje hasa" hayakuhusu, hayo ni ya daktari na mpelelezi. Na neno "kwa nini" liweke kando. "Kwa nini hukupiga kelele?" ni mashtaka hata ukilisema kwa upole wa padri.

Mwangalie. Kilio peke yake si hatari. Watu hulia na kuendelea. Hatari ni pale macho yanapoganda mahali pamoja, sauti ikawa tambarare kama anasoma orodha ya bidhaa, pumzi ikawa fupi, au akaanza kusimulia kana kwamba tukio linatokea sasa. Hapo zima rekoda. Taja jina lake, mwambie yuko wapi na leo ni siku gani, mpe maji, mwombe akanyage sakafu na akutajie vitu vitano anavyoviona chumbani. Usimguse bila kumwuliza. Kazi ya siku hiyo imeisha, na usiseme "tumalizie kidogo tu".

Hata mambo yakienda vizuri, usimwache shimoni. Dakika 20 za mwisho zirudi kwenye mambo ya sasa, hadi ucheke naye kitu. Mpigie jioni, na kesho yake. Mara nyingi usiku wa pili ndio mbaya.

Hatua ya tano: Kuandika

Hapa ndipo lugha yetu inapotusaliti. Soma habari za ubakaji utakutana na "kumwingilia", "kumharibia maisha", "kumfanyia kitu mbaya", "alipoteza usichana wake", na mbaya kuliko zote, "alifanya naye mapenzi kwa nguvu". Mapenzi hayamo. Sema alimbaka. Kwa mtoto wa kiume sema alimlawiti. Zanzibar watu husema udhalilishaji, neno lenye heshima na linaloeleweka, lakini limepanuka mpaka linachukua kila kitu kuanzia tusi hadi ubakaji, ukilitumia, fafanua.

Mtendaji asipotee kwenye sentensi. Kiswahili kinaturuhusu kusema "alibakwa" na habari ikaisha, mbakaji akabaki hewani kama mvua iliyomnyeshea mtu. "Mwajiri wake alimbaka" ni sentensi nyingine kabisa. Vilevile punguza "mnyama", "shetani" na "unyama". Msomaji akizoea kwamba mbakaji ni jini la vichakani, hatomwona mjomba anayekula naye sahani moja.

Sehemu za mwili, mavazi, damu, nguo za ndani: toa. Kama sentensi inaweza kumsisimua mtu mwenye nia mbovu, imeshindwa kazi yake. Weka undani mahali penye maana: alisubiri saa ngapi kituoni, aliambiwa alete shilingi ngapi ya mafuta ya gari la polisi, nani alimsindikiza hospitali kwa mguu. Huko ndiko msomaji anapogundua kwamba yeye pia ni mtendaji au jirani kwenye kisa hicho.

"Manusura" ni neno zuri kuliko "mhanga", lakini lisiwe sare. Wengine hawajioni wamenusurika na chochote bado. Mwulize aitwe nani. Mmoja alitaka aitwe fundi cherehani, maana ndivyo alivyo, na aya yake ya kwanza ikaanza na cherehani.

Ukimaliza, msomee yeye kwanza kabla ya bosi wako. Akifuta, kimefutwa. Na ukichanganya visa vya watu watatu kuwa kimoja, sema wazi kwamba umefanya hivyo. Kinyume chake ni uongo, na kampeni dhidi ya ukatili haiwezi kujengwa juu ya uongo halafu ikataka watu waamini wanaosema kweli.

Hatua ya sita: Kuficha utambulisho, kwa macho ya jirani

Adui wa siri ni jirani. Mtu wa mbali hamjui msimuliaji, hata ukiweka uso wake. Jirani anamjua kwa mwendo. Kwa hiyo kagua kila picha na kila sentensi ukijifanya wewe ndiye wifi yake, mwenye muda wa kutosha na nia ya kujua.

Nguo: kanga, dera la harusi ya fulani, sare ya kikundi. Mikono: hina, kovu, pete, kidole kilichokatika. Nyuma yake: kalenda ya duka la mtaani, mlango wa rangi, bati la choo, mnara wa msikiti. Sauti za pembeni: mwadhini, muuza barafu, mtoto anayeita "Mama Rehema!" Namba ya bodaboda. Nembo ya shule kwenye shati la mtoto aliyepita. Lafudhi pia husema. Ukimweka Mdigo kwenye video ya Kagera, watu wataanza kuhesabu Wadigo waliopo Kagera.

Ukungu wa usoni usiuamini sana, hasa ule mwepesi unaoacha umbo la taya. Ni salama zaidi kutompiga picha yeye kabisa: piga cherehani, njia, kiti kitupu, mikono ya mtu mwingine aliyekubali. Sauti iliyoshushwa kwa programu inaweza kupandishwa tena kwa programu. Mwombe mwigizaji ayasome maneno yake, na useme hivyo mwanzoni. Picha za simu nazo hubeba ndani yake tarehe, saa na mahali zilipopigwa. Futa taarifa hizo kabla hujatuma.

Kwenye maandishi, badilisha kinachomtambulisha na uache kinachobeba maana. "Mama wa watoto watano wa kijiji cha fulani anayeuza samaki, mumewe yuko Oman" ni jina kamili, umesahau tu kuliandika. Sema "mfanyabiashara ndogondogo wa ukanda wa pwani" na hakuna aliyepungukiwa.

Na mbakaji asitajwe jina kirahisi. Wanaharakati vijana hunipinga hapa. Mbali na hatari ya kushtakiwa, kumtaja baba wa kambo ni kumtaja mtoto. Kama msimuliaji anataka jina litoke, hiyo ni kazi ya wakili kwanza.

Hatua ya saba: Kutoa hadharani

Mwambie siku na saa kisa kitakapotoka, ili asikutane nacho kwenye daladala. Akiomba kisogezwe kwa sababu wiki hiyo kuna msiba au kitchen party ya mdogo wake, sogeza. Siku 16 zitarudi mwakani.

Kila chapisho liwe na mahali pa kwenda: Tanzania ni namba 116 ya huduma kwa mtoto na Dawati la Jinsia na Watoto la polisi; Zanzibar ni vituo vya Mkono kwa Mkono vinavyohudumia manusura; Kenya ni 1195 kwa ukatili wa kijinsia na 116 kwa watoto. Zipige mwenyewe kabla hujazichapisha. Kisa kizito bila namba inayopokelewa ni kufungua kidonda cha msikilizaji na kuondoka na bandeji.

Maoni ya wasomaji yapangiwe zamu. Saa 48 za kwanza awepo mtu wa kufuta "alivaa nini" na "hawa wanatafuta kiki", na kuangalia kama kuna aliyeanza kutaja majina. Usiku mkilala, fungeni maoni. Kwenye redio, simu za wasikilizaji zisiingie hewani moja kwa moja wakati msimuliaji yuko studio, nimesikia mpigaji akianza na "Mimi namfahamu huyo mama..." na mtangazaji akabaki anatafuta kitufe.

Hatua ya nane: Faili, na siku atakayopiga simu

Kuna faili ngapi za video ya dakika tatu? Kwenye kamera, kwenye kompyuta ya mhariri, kwenye WhatsApp ya mkurugenzi aliyeomba "kuiona kidogo", kwenye akaunti ya wingu inayojihifadhi yenyewe, kwenye simu ya mtafsiri. Na jina la faili? Nimeshakuta jina halisi la mtu, neno "ubakaji" na wilaya vikiwa kwenye kichwa cha faili ambalo ndani yake uso umefichwa kwa ustadi mkubwa. Tumia namba. Orodha inayounganisha namba na majina ikae mahali pengine, kwa mtu mmoja, yenye nywila. Andika pia nani amepewa nakala. Bila daftari hilo hutoweza kutimiza ahadi uliyoiandika kwenye fomu.

Maana simu itapigwa. Msimuliaji wetu mmoja alipiga baada ya miezi minane: "Dada, naolewa mwezi ujao. Naomba mkitoe." Tulikuwa na utaratibu, kwa hiyo hatukuitisha kikao. Kwanza kurasa zetu zote, siku hiyohiyo. Kisha barua pepe kwa washirika wanne waliokuwa wamekisambaza. Watatu walifuta, mmoja alitaka maelezo, akajibiwa kwamba fomu inasema hakuna maelezo. Kisha redio, ili wasikirudie. Kisha nakala za ndani, simu kwa simu. Jioni tukamtumia orodha: hapa kimetoka, hapa bado tunafuatilia, hapa hatuna uwezo.

Likabaki bango moja stoo, la plastiki ngumu, lenye maneno yake kwa herufi kubwa. Mlinzi alikuwa ameshaliomba akaezekee banda la kuku. Tulilikata vipande vidogo kwa mkasi, akapewa turubai jipya.